Michezo ya Ngabu Nimeifuta

Jumatatu, tarehe 2 mwezi wa sita

Fotokopi tangu asubuhi. Kadi za mpiga kura, diploma, vyeti vya ubatizo. Nimechapa barua za kuomba kazi mpaka nimekariri maneno. Bunia nzima inaomba kazi ileile ya kulinda geti. Wino wa mashine umeisha, patron, mwenye kibanda, anasema nitikise kopo. Nimetikisa. Mikono myeusi mpaka sasa.

Mchana aliingia dereva wa lori kutoka Mahagi, akaniita kwa jina. Akavua kiatu mbele ya wateja. Ndani ya soksi mlikuwa na kadi ndogo ya simu, ile ya kuwekea picha, imefungwa katika nailoni. Mazishi ya Baba yamo humo. Binamu yangu Dheda aliyapiga video kule nyumbani, karibu na Kpandroma, mimi nikiwa nimekwama hapa kwa sababu barabara ilikuwa imefungwa. Kadi ilitoka kule kwa pikipiki mpaka Mahagi, halafu ikangoja siku ya msafara wa malori yanayosindikizwa na askari. Kwenye bariere, vile vizuizi vya barabarani, wanapekua simu na mifuko. Viatu hawapendi kuvigusa. Kadi inanuka mguu. Nilimshukuru yule mtu, na nilimaanisha.

Shangazi, dada yake Baba, ambaye ninakaa kwake hapa mtaa wa Lumumba, ameshaita ukoo kwa Jumapili. Siku ya kumtoa Mama kilio. Mama hataki. Kwetu mjane haachi kilio kabla hajaona udongo ukitiwa juu ya mume wake, na yeye hakuona. Yuko kambini kwa waliokimbia vita, na kitambaa kilekile cheusi, nywele hazijakatwa, analala juu ya mkeka mtupu na anakohoa. Ameapa: asipoona kufikia Jumapili, Jumatatu anashika njia kwa miguu aende kulitazama kaburi mwenyewe. Si maneno ya mdomoni. Namjua. Wanawake wa kambi yao walioshika njia ile kwenda kuvuna mihogo yao hawakurudi.

Jioni nikatia kadi kwenye laptopu. Jibu: hakuna nafasi.

Jumanne, tarehe 3

Laptopu si yangu. Ni ya Ngabu, mdogo wangu. Aliiacha kwangu alipokwenda Mongbwalu kutafuta dhahabu, na simu yake haipatikani tangu mwaka jana. Wengine wanasema yuko shimoni anachimba. Wengine wanasema yuko porini na wenye bunduki. Mimi sisemi kitu.

Diski ni ndogo na imejaa michezo. Wa magari, wa bunduki, wa kujenga mji, wa mpira. Mtu mzima mwenye ndevu. Neno la mwisho aliloniambia, akiniita yaya, yaani kaka mkubwa, pale anapanda pikipiki: "Yaya, mashini utumie, lakini michezo yangu usiguse." Hakuna msalimie Mama, hakuna tutaonana. Michezo.

Leo asubuhi kabla ya kazi nimeifuta yote. Nilijisikia mwizi kabisa. Nikatia kadi tena. Hakuna nafasi. Nikafikiri mashine imelogwa.

Nikampelekea Faustin, fundi wa simu na kompyuta mwenye meza pembeni ya kibanda chetu. Wa kwao Butembo, mdomo haupumziki. Alicheka mpaka akaegemea ukuta. Kumbe nilifuta zile picha ndogo za kubonyeza tu. Michezo yenyewe imo, imelala salama. "Justin, weye ulitosha kibao cha ku mulango. Nyumba ingali, batu beko ndani banakula." Yaani kibao nimekitoa, watu bado wamo. Nilitaka kumpiga. Nikacheka na mimi.

Kadi aliitazama vibaya. Jasho limeingia. Inasoma kidogo halafu inakata. Amesema nisijaribu kuangalia video ikiwa ndani ya kadi, nihamishe yote kwa mara moja kabla haijafa. Kwa hiyo inahitajika nafasi nyingi, kwa pamoja. Mashine ya kazini patron haruhusu, na hata angeruhusu, siwezi kuibeba mpaka kambini. Simu yangu ni ndogo mno. Ni laptopu hii tu.

Jumatano, tarehe 4

Faustin amenionyesha namna. Michezo hii ilinakiliwa kutoka kwa marafiki, haina mlango wake wa kutokea, kile kitufe cha kuiondoa. Unashika folda nzima na kuifuta moja kwa moja bila kupitia pipa la taka, maana pipa nalo linakula nafasi. Mashine inauliza kama una hakika. Ukisema ndiyo, basi. Hakuna kurudi.

Nimeanza na wa bunduki. Ule nimeufuta kwa raha. Nilikuwa nakumbuka Ngabu akipiga kelele chumbani, nimekufa, nimekufa, halafu anaanza upya na kikombe cha chai mkononi. Nikapata hasira ambayo sijui ilitoka wapi. Najua ilikotoka. Kama yuko porini kweli, kule haanzi upya.

Wa magari umekwenda pia. Bado haitoshi. Mafaili ya wateja ninayomalizia humu nyumbani siwezi kugusa, ni mkate wangu.

Nimebaki na wa kujenga mji na wa mpira. Usiku mwema, sitaki kufikiri.

Alhamisi, tarehe 5

Mvua. Hakuna umeme. Hakuna kazi. Laptopu imezimika katikati ya mchana.

Shangazi anauliza kila saa. Anasema ukoo utakuja, watu watakula, na mjane atakaa pale na nywele kama kiota. Nimemwambia aende akamsemeshe yeye. Anamwogopa Mama kuliko mimi.

Mwanamke wa kambini amekuja sokoni, amepita kunisalimia. Mama amefunga kibunda. Sufuria ndogo, blanketi, Biblia. Kimewekwa mlangoni.

Nina hofu. Naandika hapa kwa sababu hakuna wa kumwambia.

Ijumaa, tarehe 6

Umeme umerudi. Wa kujenga mji nimeufuta kabla ya kunawa uso. Ngabu alikuwa amejenga humo barabara pana zenye taa. Sikutazama sana.

Bado kidogo haitoshi. Umebaki wa mpira.

Ule ndio alioupenda. Niliufungua mara moja kabla ya kuufuta, sijui kwa nini, labda kwa heshima. Mechi yake ilikuwa imesimamishwa kipindi cha pili, timu yake inaongoza. Wachezaji wamegandishwa miguu hewani. Nikafunga. Nikasema kwa sauti, samahani mdogo wangu, ukirudi tutatafuta mwingine. Folda yake nzito kuliko Faustin alivyonitajia. Nilifurahi. Nikasema ndiyo.

Kadi ikakubali. Ilikata mara moja, nikaichomoa, nikaifuta kwa shati, nikaomba Mungu, ikaendelea. Video yote ya mazishi imeingia. Baada ya hapo kadi haikusoma tena. Imekufa. Imemaliza kazi yake.

Nimeiangalia peke yangu, mlango umefungwa. Lazima nijue Mama ataona nini.

Ukungu. Ukungu wa kwetu, unaokaa mpaka karibu na saa sita. Sanduku la mbao mpya zisizopigwa randa. Wamemfunga kidevu kwa kitambaa cha jikoni, kile chenye mistari. Amekonda. Homa ilimla, kituo cha afya kilikuwa kimefungwa, wauguzi wamekimbia. Watu ni wachache. Mchungaji anasoma haraka. Wanaume wawili wameligeuzia kaburi mgongo, wanatazama kilima kama kuna watu wanashuka. Kwaya ni ya wanawake wazee tu na wanaimba taratibu, hawakubali kuharakishwa. Halafu udongo. Dheda amekaribia sana, udongo umesikika. Amepiga yote mpaka mwisho, hakukata. Nampenda Dheda kwa hilo.

Nililia vibaya, kwa sauti ya mbuzi. Shangazi aligonga mlango, sikufungua.

Jumamosi, tarehe 7

Siku mbaya. Naandika polepole ili nisikosee.

Nilikwenda kambini kumwambia Mama kuwa video ipo. Nilidhani atalia. Alishika uso wangu kwa mikono yote miwili, akaniangalia. Akasema sawa. Kesho atanyoa. Akafungua kibunda, akarudisha sufuria jikoni mbele yangu. Nilipumua kwa mara ya kwanza wiki hii.

Halafu akaniambia, kwa sauti ya chini, kama anayeomba sukari: "Mutoto yangu, kisha ya udongo, utanionesha na ile ya Ngabu. Ile baba yenu iko muzima. Nitaikala nayo miye peke."

Nikamwuliza video ipi hiyo ya Baba mzima.

Akashangaa kwamba sijui. Akanieleza. Walipokimbia nyumbani, mimi nilikuwa tayari hapa Bunia ninasoma. Walikuja wao wawili, kwa miguu, Baba amebaki kulinda ng'ombe. Ngabu alikuwa na video ya Baba mbele ya nyumba yetu. Kwenye bariere, wawe askari wawe wale wengine wa porini, wanafungua mashine na simu, wanatafuta picha za kwenu, za nani baba yako na nani jirani yako, na wakizipata wanakujua wewe ni wa upande gani. Michezo hawaifungui, au wakiifungua wanacheza kidogo wanakurudishia. Kwa hiyo Ngabu alibadilisha jina la ile video na kuificha ndani ya folda ya mchezo. Vijana wengi wa kwetu walifanya hivyo.

"Alimuficha mu mupira," Mama akasema. Na akacheka kidogo.

Wakafika salama. Kuna jioni, zamani, Ngabu alipokuwa bado nasi, nilikuwa nikimwona anakwenda kambini na laptopu. Nikadhani anamwonyesha Mama michezo. Nilimwona mpumbavu. Kumbe walikuwa wanamtazama Baba. Baada ya Ngabu kuondoka Mama hakuiomba tena, maana Baba alikuwa hai, na mtu hai unamngojea aje mwenyewe.

Ngabu hakuniambia kwa nini nisiguse. Au alidhani Mama ameniambia. Au alisahau, akili iko Mongbwalu. Nimemtukana njia nzima kutoka kambini, matusi ambayo sitayaandika.

Nilimwambia Mama ndiyo. Nitakuonyesha. Ndiyo, Mama.

Nikakimbilia kwa Faustin. Alikuwa anafunga meza. Aliposikia hakucheka. Akatia kifaa chake, akasubiri, akatikisa kichwa. Alinieleza kwa utaratibu, na kwa mara ya kwanza hakuwa na mzaha. Kitu ukikifuta hakiondoki papo hapo, kinabaki pale chini mpaka kingine kije kukaa juu yake. Kama ningekuja jana kabla ya kuhamisha kadi, angekitoa. Lakini nilihamisha. Video ya mazishi ni kubwa, imetanda kila mahali palipokuwa wazi.

"Ile ya mazishi njo inamulalia juu," akasema. Halafu akaona uso wangu, akajutia maneno yake. Hakutaka malipo. Alinisindikiza mpaka barabara ya lami, laptopu ameibeba yeye.

Nimemzika Baba mara ya pili. Kwa kidole kimoja. Sina njia nyingine ya kuliandika.

Jumapili, tarehe 8

Tumefanya.

Laptopu juu ya kiti cha plastiki, mbele ya kibanda cha Mama. Ukoo uliofika ni mdogo. Shangazi amevaa vizuri kupita kiasi. Turubai limetandwa juu yetu ili jua lisiue kioo. Mama mbele kabisa, miguu imenyooshwa.

Hakulia wakati wa sanduku. Hakulia wakati wa uso. Wale wanaume walioligeuzia kaburi mgongo aliwataja kwa majina, mmoja mmoja, akasema Mungu awabariki kwa kusimama. Udongo ulipoingia akainama mpaka paji la uso likagusa kioo. Tukamwacha. Halafu akasema, "Biko vizuri. Bamemuzika vizuri." Akainua mikono wamvue kitambaa.

Shangazi alimnyoa. Kwa wembe mpya, polepole. Wale wawili hawajapendana tangu kabla sijazaliwa. Mama alikula bugali na maharagi, chungu kimoja na watu wengine. Hatashika njia. Atabaki. Hilo ndilo tulilolitaka wiki nzima na tumelipata, ninapaswa kufurahi.

Watu walipoanza kuondoka aliniangalia. Nikafunga laptopu, nikasema betri imekwisha. Haikuwa imekwisha. Mwoga.

Jumanne, tarehe 10

Kazini. Nimechapa cheti kimoja vibaya, jina la mtoto wa mtu. Patron amenifokea mbele ya wateja. Amefanya vizuri.

Nafikiria uongo. Naweza kusema mashine imeharibika. Naweza kusema wezi. Hapa watu wanaibiwa kila siku, angeamini mara moja, angenifariji mimi. Hilo ndilo linanichukiza zaidi, kwamba angenipikia chai.

Faustin ameleta laptopu ya zamani, anasema ichukue ukatie michezo, labda mdogo wako atarudi. Nimeipokea. Sijui la kuifanyia.

Alhamisi, tarehe 12

Nimemwambia.

Nilikwenda mchana, nikapeleka sabuni na unga. Kichwa chake kilichonyolewa kinang'aa, anaonekana msichana na mzee kwa pamoja. Nikakaa chini, si kwenye kiti. Nikasema yote kwa mpangilio: nafasi, kadi, mpira, udongo juu. Nikasema ni mimi, si Ngabu.

Alichukua sufuria iliyokuwa safi akaenda kuiosha. Alikawia. Nikamsikia anakohoa kule kwenye bomba. Nikangoja nifukuzwe.

Akarudi. Akaniuliza kama kabla ya kuifuta nilikuwa nimemwona. Hata kidogo. Nikasema hapana, sikuwahi. Hilo lilimuuma kuliko yote, niliona. Kwamba wao wawili walimtazama jioni nyingi na mimi, wa kwanza kuzaliwa, hata mara moja.

Basi akaweka sufuria chini na kusimama mbele ya kibanda chake. Akanyoosha mikono kando ya mwili. Akainua kidevu. Akatulia hivyo, mgumu, macho mbele, bila kupepesa. Jirani mmoja akasimama kutazama. Nilidhani amepatwa na kitu.

Kumbe ndivyo video inavyoanza, alinieleza baadaye. Baba alidhani Ngabu anapiga picha ya kawaida. Akasimama sawasawa kama kwenye picha ya kadi, anangoja. Ngabu hakumwambia. Baba anangoja, anangoja. Mama alingoja vilevile, mpaka mimi nikaanza kuona haya kwa ajili yake. Halafu bila kugeuza kichwa, kwa pembe ya mdomo, na sauti ilikuwa ya Baba kabisa, ile ya kukaza koo:

"Foto gani haiishe? Unanichora?"

Kisha Baba anasikia mbuzi ameingia kwenye maharagi. Anataka kwenda, lakini anaogopa kuharibu picha. Mwili unabaki, jicho linakwenda. Mama alifanya jicho. Halafu Baba anashindwa, anaokota kijiti, anaondoka anamtukana mbuzi, na kilichobaki cha video ni mgongo wake na shati lililochanika begani na Ngabu anacheka nyuma ya simu mpaka inatikisika. Mama alitembea kidogo kati ya vibanda na kijiti kisichokuwepo, akiwatukana mbuzi wa watu wengine, bega moja juu kama Baba anavyotembea.

Simu yangu ilikuwa mfukoni. Sikuitoa.

Nikamwomba arudie tangu mwanzo. Akarudia, na safari hii jirani naye akakaa chini karibu yangu. Kisha mawingu yakafunga kwa upande wa Djugu, kwetu, tukasimama wote tukaanza kuanua nguo.